Mabenchi ya Chumba cha Joto, na Neno Nililolisikia Nusu

Assalaam alaykum, jamaa zangu, mlioko mbele na mlioko nyuma, na kinamama mlioko upande wa pili. Katibu wa ushirika wetu kanambia nisimame nieleze namna nilivyoanguka na namna nilivyoinuka, kwa sababu leo tumepokea mafundi wapya, na ati anguko langu lina mafunzo. Nkamwambia, katibu, anguko langu mji mzima unalijua. Kasema, wanaujua upande wa kuchekesha, upande wako hawaujui. Haya. Majina sitataja. Mtakayemjua mnyamazieni, na atakayejijua mwenyewe asijikohoze.

Mimi ni mtoto wa seremala. Baba yangu, Mungu amrehemu, alikuwa akitengeneza makasha na milango hapa mjini, ile yenye misumari ya shaba ya vichwa vikubwa. Alipokufa kaniachia randa, patasi, nyundo, na debe moja la misumari hiyo. Kabla hajafa alinambia, mwanangu, kila kinachotoka mkononi mwako kitie shaba kidogo, watu wajue kimetoka kwetu. Maneno hayo niliyashika kuliko hata nilivyoshika nyundo.

Yalipokuja Mapinduzi, wengi waliokuwa wakiagiza milango na makasha waliondoka, na waliobaki walikuwa na mengine ya kufikiri. Miye nikabaki na debe langu. Kazi nliyoipata ilikuwa kuunga miguu ya vitanda na kutengeneza mbuzi za kukunia nazi. Na mbuzi, ndugu zangu, haitiwi shaba. Nlijaribu kuitia moja, mwenyewe kairudisha siku ya pili, kasema inamchana kanga. Nkasema moyoni, mwanamke huyu hajui kizuri. Hebu likumbukeni hilo, tutalirudia.

Basi ikapita kama miaka miwili hivi. Siku moja akaja kwangu mtu mmoja nnayemjua tangu tukisoma Kurani chuoni, mpishi. Alikuwa akimpikia bwana mmoja mtaalamu aliyetoka nchi za barafu, kaletwa kutusaidia mambo ya mitambo, kapewa nyumba njia ya Bububu, mbele kidogo ya Mtoni. Mpishi kanambia, "Bwana wangu anataka seremala. Kajenga kijumba cha mbao nyuma ya nyumba, katia jiko na mawe, sasa anataka mabenchi ya kukalia humo ndani."

Nkamuuliza, "Jiko la kupikia nini?"

Kanambia, "La kujipika mwenyewe."

Nlicheka mpaka nkakaa chini. Ilikuwa katikati ya kaskazi! Sisi tunalala na milango wazi, tunajipepea kwa vipepeo vya ukindu mpaka mikono inatuuma, na huyu anajenga chumba ili apate joto. Mpishi kaniapia kwamba ndiyo desturi ya kwao, wanakaa ndani ya moshi wa maji moto mpaka jasho liwatoke, kisha wanajimwagia maji baridi na kucheka. Nkasema haya, kila watu na lao, na mimi nnataka kazi.

Nikaenda. Mtaalamu alikuwa pande la mtu, mwekundu, jasho linamtiririka, na akisema neno moja anahema. Kiswahili ndiyo kwanza alikuwa anakianza. Akanionyesha mbao nyeupe, zile za makasha aliyosafirishia vitu vyake, akazipigapiga kwa kiganja. Sasa sikilizeni vizuri nnavyotamka, maana maisha yangu yote yaliharibikia hapa. Kasema hivi: "Fundi. Mbao tu... pu. Mimi kaa tu... pu."

Mimi nikasikia mbao tu, mimi kaa tu. Anataka mbao, atakaa tu, basi. Na hiyo "pu"? Hiyo "pu" ndugu zangu nlidhani ni pumzi. Mtu mnene, joto, kila akimaliza neno anapuliza. Nkamwonea huruma hata nkamwambia pole.

Sasa nnakuulizeni nyinyi. Mgeni akija nyumbani kwako, ukamuuliza utakunywa nini, akakwambia "chai tu," utampa chai tu? (Aka! Mnaona? Hata watoto wanajua.) Utamletea chai na mkate wa kumimina, na chapati, na vitumbua kama vipo, kwa sababu unajua yule kasema "tu" kwa kuona haya. Basi na miye nlifahamu hivyo hivyo. Nkasema, maskini mgeni wa watu, anaona haya kuomba urembo. Atanijua leo mimi mtoto wa nani.

Nikazichukua zile mbao mpaka nyumbani. Nikazipiga randa mpaka zikawa laini, nikaunga mabenchi mawili, moja la chini na moja la juu. Kisha nikalifungua debe la baba. Nnawaambieni kweli, nlikuwa nikiimba kwa furaha. Nlikuwa sijapiga msumari wa shaba muda mrefu. Nikapiga mstari pembeni, nikapiga mstari wa pili, na pale katikati, pale hasa mtu anapoweka mwili wake, nikapiga ua la petali nane, moja kila benchi. Nikalisugua kwa ndimu na majivu mpaka likawa linawaka.

Mke wangu katoka jikoni, kasimama, katazama. Kanambia, "Bwana, si ulisema mtu kataka mbao tu?"

Nkamwambia, "Kasema kwa haya."

"Na wewe ushayakalia?"

"Fundi hakalii kazi ya watu."

Karudi jikoni kwake. Laiti ningalimjibu kwa kukaa, ndugu zangu, leo nisingalikuwa na la kukuhadithieni.

Tukayapeleka mabenchi kwa gari la ng'ombe, mimi na mpishi tukayaweka mahali pake. Mtaalamu alikuwa kazini. Mpishi akawasha jiko mapema kama alivyoamrishwa, na miye nikakaa kibarazani kungoja shukrani. Bwana akarudi, kachoka, kaniamkia kwa mkono, kaingia ndani, katoka na taulo begani, huyo mpaka kwenye kijumba. Mlango ukafungwa. Mle ndani hamna taa, mna kidirisha kimoja tu, ukubwa wa kiganja. Hakuona kitu, mtu wa watu. Alikaa.

Ukelele ule waliusikia Mtoni. Mlango ulifunguka kwa kishindo, akatoka vile vile alivyozaliwa, anarukaruka, mpishi anamkimbiza na kitambaa cha meza amsitiri. Akasimama mbele yangu kanyoosha kidole, anapiga kelele, "Tupu! Fundi! Mimi sema tupu! Mbao tupu! Mimi kaa tupu!"

Yarabi. Hapo ndipo "tu" na "pu" zilipokutana masikioni mwangu. Mbao tupu, yaani zisiwe na kitu juu yake. Na mwenyewe anakaa mtupu, hana hata uzi. Na mimi nimemtandikia shaba, imekaa motoni saa nzima. Kisha kageuka kuchukua maji, na mimi na mpishi tukaliona nyuma yake ua la petali nane, halikukosa petali hata moja. Kilichoniudhi zaidi ni kwamba, pamoja na hofu niliyokuwa nayo, nlijikuta nikisema moyoni kuwa limetoka sawa.

Nikakimbia. Sikuaga, sikuchukua hata nyundo yangu.

Mungu kasaidia, hayakuwa madonda ya kulazwa, alilala kifudifudi siku chache akapona. Lakini mimi sikupona. Mpishi kamwambia mtu mmoja tu, na kamwambia asiseme. Mnaujua mji wetu. Kabla ya magharibi nlikuwa nshapewa jina: Fundi Chapa. Nikipita barazani kwenye kahawa, watu wazima na ndevu zao wanainuka wanapapasa walipokuwa wamekaa. Naam, chekeni, na nyinyi mlikuwamo. Nkasema yatapita. Hayakupita. Mama mmoja aliyekuwa kaniagiza kitanda cha harusi ya binti yake alikuja akasimama mlangoni, kasema kwa adabu sana, "Baba, usione vibaya, lakini kile ni kitanda cha biharusi." Akaondoka. Baada yake hata mbuzi hakuna aliyeagiza.

Hapa sasa nisikilizeni bila kucheka kidogo. Nlianguka. Nliweka vyombo vya baba chini ya kitanda, nikalala juu yake, nikaugeukia ukuta. Nlikuwa naswali nyumbani kwa kuogopa watu wa msikitini. Mke wangu akawa anakaanga bagia asubuhi, anauza mlangoni, nyumba inakwenda kwa mikono yake, na mimi mwanamme mzima nnasikiliza mafuta yakichemka. Nlikuwa na haya mpaka sikuweza kumtazama. Nkamwambia nnataka tuhamie Paje kwa ndugu zake, nikasokote kamba, kule hawanijui. Kanambia, "Wanakujua. Mjomba kaleta salamu, kauliza habari za ua."

Baada ya kama mwezi na kitu nikasikia hodi. Mpishi. Nikajifunika shuka. Kamwambia mke wangu, "Bwana wangu anamwita fundi."

Nkauliza mle mle ndani ya shuka, "Polisi wapo?"

"Hawapo. Kuna chai."

"Chai tu?"

"Chai tu."

Nilikataa. Mke wangu akalivuta lile shuka, akanitupia kanzu. "Utakwenda," kasema. "Mimi bagia nnaweza kukaanga mpaka nife, lakini mume wa kulala mchana simtaki." Tukaenda sote watatu, miye katikati nimeshikiliwa kama mtu anayepelekwa kutahiriwa.

Na kweli, ndugu zangu, ilikuwa chai tu. Hapana mkate, hapana hata biskuti moja. Nikaitazama ile chai, nikaanza kumfahamu yule mtu. Yeye akisema "tu" ni tu. Hakuna kilichojificha nyuma yake.

Tulipomaliza akanichukua mpaka kijumbani. Mabenchi yalikuwa pale pale, hakuyatupa, na jiko lilikuwa linawaka. Kiswahili chake kilikuwa kimesogea. Kasema, "Fundi, kazi nzuri. Mbao laini sana. Msumari mbaya." Kisha kaashiria benchi, kasema, "Kaa kwanza."

Nkavua kanzu, nkabaki na kikoi, nkakaa kwenye ubao. Ubao ulikuwa na joto la kustahamilika. Nkasema kumbe si kitu. Nikajisogeza kidogo kumpisha, paja likagusa shaba, yalaa! Nliruka mpaka kichwa kikagonga dari. Yule bwana alicheka mpaka akashika ukuta, na miye, Mungu shahidi, nikacheka. Mara ya kwanza kucheka tangu siku ile.

Akanipa nyundo yangu niliyoikimbia. Nikaanza kuing'oa misumari ya baba, mmoja mmoja. Nililia, sikufichini. Kule ndani jasho na machozi havina tofauti, hakuna aliyejua. Nlikuwa nikidhani namng'oa baba yangu. Lakini kila nilipong'oa nlipapasa pale, nikauona ubao wenyewe, laini, kazi ya randa yangu, na nkasema mbona hii nayo ni yake, si yeye aliyenifundisha randa? Matundu nikayaziba kwa vijiti vya mbao, kingo nikazifanya mviringo, na misumari ya kushikia nikaipigilia kwa chini isifike juu. Kila nikimaliza hatua, nnakaa. Nikitoka hapo nnampisha mwenyewe anakaa. Tukashinda hivyo, na mpishi anatuletea maji baridi.

Tangu siku hiyo siachi kitu kutoka kwangu kabla sijakikalia. Mke wangu alipoona hivyo kaniletea mbuzi aliyokuwa akiitumia tangu tuoane, kazi ya mikono yangu, kanambia, "Kuna nazi tatu. Kaa." Nikakuna moja, inanifinya paja. Ya pili, inanifinya zaidi. Nkamuuliza, "Miaka yote hii inakufinya?" Kanambia, "Nlikwambia wiki ya kwanza ya ndoa." Na kweli aliniambia, nakumbuka. Nlimjibu kuwa ni kazi ya fundi. Na yule mwenye kanga yake iliyochanika, nlimfuata nikamwomba radhi. Kumbe watu walikuwa wakinambia siku zote, na miye nnasikia nusu.

Yule mama wa biharusi alirudi, kwa binti wa pili. Nlikilalia kitanda kile mbele yake, nikageuka huku na huku. Kasema inatosha, baba, umeshaniridhisha, inuka.

Nnamshukuru Mungu. Nnamshukuru mke wangu, yupo upande wa pili, na najua anacheka. Nnamshukuru mtaalamu, kesharudi kwao, na ua lake sijui kama limefutika. Na nnamshukuru mpishi, ambaye sikumtaja jina, na anakohoa pale nyuma. Kanivunjia jina kwa siku moja na kanisaidia kulijenga kwa miaka, sijui nimpige au nimbusu.

Mafundi wapya, la kwangu ni hilo moja. Mtu akikwambia anataka nini, msikilize mpaka neno liishe. Na misumari ya baba sikuitupa. Kila ninachotengeneza nnapigilia mmoja tu, chini, mahali pasipogusa mtu.

Sasa msishituke, lakini mabenchi haya mliyoyakalia jioni nzima nimeyatengeneza mimi. Khaa, kaeni, kaeni! Mbona mnainuka? Anayetaka ainame aangalie, shaba iko chini. Hapo juu nshakaa mimi kwanza.