Mzee Lazarus Shitanda (1953–2025): Rufaa Bado Haijasikizwa

Mzee Lazarus Shitanda, huyu tunayemsindikiza leo, alizaliwa tarehe 11 Agosti 1953 huko Butere. Mwaka wa 1965 baba yake akahamisha watu wake wote kuja hapa Chekalini, kwa shamba lililokuwa la mzungu.

Alisoma hapa hapa mpaka darasa la saba, 1968. Mwalimu alitaka aendelee. Baba yake alitaka mtu wa kulima na ng'ombe, na baba ndiye alisikizwa.

1973 akashika usukani wa trekta, hakuuachilia kwa miaka thelathini na nne. Watu wa Lugari wanakumbuka vile alikuwa akiachanga kipande katikati ya shamba bila kulima, kama ukubwa wa mkeka, kwa sababu kwale amelalia mayai. Mwenye shamba akilalamika, anamjibu polepole: "Huyo ni mama ya watu. Mwambie wewe ahame." Vifaranga wakishatoka, alirudi na jembe akamaliza kwa mkono.

Tarehe 16 Desemba 1978 alimuoa Winrose Nekoye. Mtoto wao wa kwanza alikufa mchanga, wakamzika upande wa juu wa shamba. Kisha wakapata Sydney na Khalayi.

Kesi ilianza 2021. Binamu yake Khisa alisema ekari tatu za juu zilikuwa za baba yake yeye Khisa. Machi 2023 korti ya Kakamega ikakubaliana na Khisa, ikatoa oda: Mzee asilime huko juu, asijenge, asizike mtu. Mzee akakata rufaa. Hapo ndipo alikosea, na wengi wetu tulikosea naye: alidhani kesi ikienda mbele, ile oda inalala. Loya alimwambia lazima kwanza waombe korti iisimamishe. Kabla hawajaomba, tarehe 9 Juni, Winrose akafa. Alikuwa amesema alazwe kando ya mtoto wake. Mzee akamzika hapo, mchana, watu wote wakiona.

Khisa akarudi kortini. Jaji akamuuliza Mzee kama alijua kuna oda. Akasema alijua, lakini amekata rufaa. Jaji akamweleza kwamba rufaa peke yake haisimamishi oda, na mpaka isimamishwe inafuatwa. Akamwambia aombe msamaha aende nyumbani.

"Korti naomba msamaha," Mzee akasema. "Kuzika mke wangu, hapo siombi."

Akafungwa miezi minne.

Alitoka Desemba 2023 amekonda, na kikohozi. Alikuwa akikaa upande wa chini wa fensi ya zile ekari tatu akiangalia juu, havuki. Januari mwaka huu kifua kikazidi, akalazwa Kakamega, akatuacha Jumapili tarehe 2 Machi 2025. Siku mbili kabla, Sydney alimwambia atamlaza kando ya mama, liwe liwalo. Mzee akamshika mkono.

"Wewe uko na watoto. Usifungwe kwa sababu ya maiti. Nizike chini."

Ameacha Sydney na mkewe Cherop, Khalayi, wajukuu watano, na binamu yake Khisa.

Leo, tarehe 8 Machi, kaburi limechimbwa chini ya fensi, hatua sitini kutoka kwa Winrose. Vijana mmesema mtabeba jeneza mpaka juu. Msibebe. Rufaa itasikizwa tarehe 21 Oktoba, na yeye hatakuwepo kusema lake. Hapa alichagua mwenyewe, na hakupapenda. Mungu amlaze vizuri.