Maneno Mia na Ishirini

Benchi letu liko ufukweni mwa mji wa Helensburgh, karibu na kituo cha jeshi la majini, na kila nyambizi ya makombora ya nyuklia hupita mbele yetu ikienda na ikirudi. Asubuhi tunakaa wanne. Sonari alihudumu humo miaka ishirini, kazi yake kusikiliza bahari. Mabati alikuwa mchomeleaji bandarini. Bango amepiga kambi langoni pa kituo tangu ujana wake kupinga silaha hizo, na chupa ya chai ni yake. Mimi wananiita Redio, kwa uonevu tu. Jana kulikuwa na manyunyu, nasi tulikuwa kwenye lile lile: nyambizi zimezeeka, zijengwe mpya au basi?

MABATI: Zijengwe haraka. Zamani vijana walikaa chini ya maji miezi mitatu. Sasa sita, maana nyambizi ya kuwapokea zamu iko gereji.

BANGO: Basi zisirudi tena majini, tupumzike.

MABATI: Na Mrusi akija utampiga na bango?

BANGO: Nimemzuia miaka arobaini. Umemwona hapa?

MIMI: Mie nasikia makombora yalishatolewa kitambo. Ndani wamejaza zege.

MABATI: Wacha we. Mimi nasikia haziendi popote. Zinajificha nyuma ya kisiwa cha Arran, vijana wanacheza karata.

BANGO: Na ile barua ya Waziri Mkuu iliyomo kwenye sefu, ya kufunguliwa nchi ikishateketea? Karatasi tupu. Nani ataandika kitu kama hicho kwa mkono wake?

SONARI: Ina maneno.

BANGO: Umeisoma, mzee?

SONARI: Haisomwi. Waziri Mkuu akiondoka, inachomwa pamoja na bahasha yake. Mimi nilisoma nyingine.

Hapo hata Mabati alishusha kikombe. Sonari hugusia habari hiyo mara moja kwa mwaka, na sisi hujuta kumfikisha hapo.

SONARI: Kabla ya kuondoka unajaza fomu. Nyumbani akifa mtu, uambiwe au usiambiwe? Huko chini hutoki, huwezi kujibu, hata kulia unalilia kitandani na wenzako wamelala vitanda vya juu yako. Nikaweka alama: nisiambiwe. Nilikuwa na haraka, mke wangu Effie ananisubiri nje na gari.

BANGO: Basi, baba, inatosha.

SONARI: Kila wiki nyumbani wanakutumia maneno machache. Mabaya wakubwa wanayakata. Effie aliandika bustani imependeza, na tayari alikuwa hospitali. Alipofariki, dada yake akaendelea kuandika kwa jina lake, nisishtuke. Wiki nne, Mabati. Wiki nne nacheka na vituko vya mke wangu, naye yuko kaburini.

MABATI: Alikupenda, yule shemeji.

SONARI: Sijamsalimia mpaka leo.

Bango alitujazia vikombe. Ndipo akaja binti mmoja na kigari cha mtoto, Shona, mke wa fundi wa mitambo aliyeondoka na nyambizi Machi. Tumezoea kumwona akipita. Jana alisimama mbele ya Sonari, karatasi mkononi.

SHONA: Samahani, babu. Wewe si ulikuwa huko chini?

SONARI: Nilikuwa, mwanangu.

SHONA: Mama mkwe amefariki asubuhi hii. Mume wangu Ruaridh alijaza asiambiwe.

BANGO: Pole, mwanangu. Kaa hapa.

SHONA: Ujumbe wa wiki hii unaondoka saa sita. Napewa maneno mia na ishirini. Kila wiki mstari wa mwisho ni wa mama yake, anamwambia avae soksi kavu. Nikiuacha, atajua. Nikiuandika...

Alimtengenezea mtoto blanketi, ingawa lilikuwa sawa.

SHONA: Wewe ungetaka nini, babu?

Bango alimmiminia Shona chai iliyobaki. Miaka thelathini na moja Sonari amemkasirikia shemeji yake kwa jambo hilo hilo, na mimi nilidhani jibu analo. Alipokea karatasi, akasoma hadi pale penye nafasi ya mstari mmoja, akaishika tu. Saa ya mnarani ilisema saa tano na nusu.