Mkono wa Kushoto wa Dokta Frempomaa

Wasikilizaji wapendwa, shikamooni mlio wakubwa kwangu, na wengine hamjambo. Leo hatuanzi na muziki. Nimemwambia fundi mitambo auzime, kwa sababu tunayemkumbuka hakupenda kelele za kujipendekeza, na wiki hii mji wetu umejaa kelele hizo.

Tunamkumbuka Dokta Yaa Frempomaa Ntiamoah. Narudia kwa aliyefungua redio sasa hivi: Dokta Yaa Frempomaa Ntiamoah, aliyekuwa daktari wa wodi ya watu wazima katika hospitali yetu kubwa. Amefariki Jumatano iliyopita nyumbani kwa dada yake, mtaa wa nyuma ya soko la vitambaa. Amefia nyumbani. Hakufia hospitali. Sababu nitawaambia.

Kama umepita hospitalini wiki hii umeliona bango. Nani hajaliona? Limeziba madirisha mawili ya wodi ya wazazi, na kina mama waliojifungua wanakaa gizani ili marehemu aonekane vizuri kutoka barabarani. Limeandikwa, "Nguzo yetu imeanguka." Nguzo! Nguzo waliyoing'oa kwa mikono yao wakaenda kuisimamisha stoo! Hapa kwetu wahenga walishasema kwamba ukoo hupenda maiti. Ukiwa hai hupewi hata kigoda cha kukalia, ukifa unanunuliwa jeneza lenye vishikio vya kung'aa. Basi mimi naongeza kwamba hata hospitali hupenda maiti. Nina hasira, wasikilizaji, na leo sifichi.

Huyu mama alikuwa nani? Kwanza hakuwa mpole. Msije mkadanganywa na hotuba mtakazozisikia Jumamosi kwenye mazishi, kwamba alikuwa mnyenyekevu, mtulivu, mama wa wote. Alikuwa na ulimi mkali na alijua hivyo. Dada yake, Bi Akosua Brago, yule muuza vitambaa vya msiba mnayemfahamu, aliniambia juzi: "Yaa hakuwa malaika. Tangu utotoni mkorofi. Ila hakuweza kuanza neno na mtu kabla hajamsalimia. Siku moja tulimkamata mwizi wa kuku uani kwetu. Yaa akamsalimia kwanza, akamuuliza habari za mama yake, ndipo akamzaba kofi."

Tabia hiyo akaipeleka wodini. Kabla ya kumgusa mgonjwa, Dokta Frempomaa alivuta kiti akaketi. Akasalimia. Akauliza umetoka wapi, umemwacha nani nyumbani, nani anakulishia mbuzi wako. Baada ya hapo ndipo anapima. Madaktari vijana walisimama nyuma yake wakitazama saa zao. Kile kiti walikiita kiti cha umbea. Walisoma miaka mingi, wapendwa, wakatunukiwa vyeti, na hilo ndilo jina walilolipata.

Sasa sikilizeni kisa cha Mzee Kwasi Adade. Nimekipata kwa mke wake, Bi Afia Dwomoh, aliyekuwepo tangu mwanzo hadi mwisho.

Mzee Adade ni msemaji wa chifu wetu. Mnamjua. Chifu hazungumzi na watu moja kwa moja, na watu hawazungumzi naye moja kwa moja. Maneno yote hupita kinywani mwa Mzee Adade, naye ameshika fimbo yake. Huyo ndiye aliyepigwa na kiharusi akaletwa hospitalini. Upande wa kulia ukafa. Mkono wa kulia ukawa unaning'inia tu.

Akalazwa. Hakusema neno. Hakula. Nesi akimletea uji, anageuza uso ukutani. Daktari kijana akaja, hakukaa, hakusalimia. Akanyoosha mkono akasema, "Mzee, nipe huo wa kushoto. Bana vidole vyangu."

Mzee akafumba macho.

Daktari akaandika kwamba mgonjwa haelewi maagizo. Kesho yake akaja mwingine, akasema maneno yale yale, akaandika yale yale. Wa tatu akaandika kwamba mgonjwa hamtambui mtu na amekataa chakula. Ikaamuliwa apitishiwe mpira puani. Wapwa zake, ambao kwetu ndio warithi, wakaitwa kando, hatua mbili tu kutoka kitandani, wakaambiwa wajiandae, kwa kuwa akili imeshaondoka na mwili utafuata.

Na wapwa wakajiandaa! Ukistaajabu ya Musa utayaona ya Firauni. Mjomba yuko kitandani anapumua, wao wameshaleta mafundi wanapaka nyumba rangi ili wageni wa msiba wakute pamependeza. Wameshachagua turubai. Wameshagombana nani atakaa mstari wa mbele.

Wasikilizaji, wale madaktari hawakutoka ng'ambo. Ni watoto wetu hawa hawa. Mama zao waliwachapa vidole siku walipopokea pipi kwa mkono wa kushoto. Hakuna hata mmoja kati yao anayeweza kumpa baba yake mzazi maji ya kunywa kwa kushoto. Hata kuelekeza njia kwa mkono huo hawathubutu. Lakini mvalishe mtu koti jeupe uone. Anamwambia msemaji wa chifu, mbele ya wodi nzima, nipe mkono wa kushoto, na akikataa anaandika kwamba mzee hana akili. Mimi nauliza, asiye na akili hapo ni nani?

Ndipo akaja Dokta Frempomaa, siku ile ile ambayo mpira ungepitishwa. Akavuta kiti chake cha umbea. Bi Afia anasimulia: "Alikaa chini kuliko mume wangu. Akasema, 'Nana, mzee wetu, nakusalimu. Niwie radhi kwa mkono wa kushoto.' Halafu yeye mwenyewe akatoa mkono wake wa kushoto. Yeye ambaye wa kulia wake ni mzima! Mimi nikashtuka. Mume wangu akamtazama, akamtazama. Nikaona blanketi linatikisika. Mkono wake wa kushoto ukatoka, ukamshika daktari."

Na Mzee Adade akazungumza. Mdomo ulikuwa umepinda, lakini maneno yalitoka yakiwa mazima. Alisema, "Siku zote hizi nilidhani hospitali hii haina hata mtu mmoja aliyelelewa."

Dokta akajibu, "Wamo, Nana. Wanaficha."

"Na uji wao mbaya."

"Hilo nalo hawafichi."

Narudia, ili asije mtu akasema redio imetia chumvi. Mzee Adade alikuwa anaelewa kila kitu. Alikuwa anasikia kila kitu, pamoja na ile habari ya akili kuondoka. Hakutaka kusalimia watu kwa mkono wa kuwatusi, akaona bora anyamaze. Hakutaka kula kwa mkono wa chooni, wala kulishwa na binti wa watu huku wanaume sita wanatazama, akaona bora alale njaa. Alikuwa tayari kufa na heshima yake. Na wangemwacha afe nayo, kisha waandike kiharusi.

Dokta Frempomaa akavuta pazia. Akamwingiza Bi Afia ingawa saa ya kuona wagonjwa ilikuwa haijafika, na nesi aliyefungua mdomo kulalamika akaufunga mwenyewe. Bi Afia alikuwa na supu nyepesi na fufu laini ya muhogo iliyotwangwa asubuhi ile. Akanawa. Akamlisha mumewe kwa mkono wake wa kulia nyuma ya pazia. Waswahili husema mgonjwa haulizwi uji, maana yake mpe tu, usimsumbue kwa maswali. Kumbe kuna wagonjwa inabidi waulizwe, tena waulizwe kwa adabu. Mzee alimaliza bakuli. Mpira wa puani ukarudishwa kabatini.

Baada ya wiki chache alirudi nyumbani kwa miguu yake, amemwegemea mkewe. Akaikuta nyumba imepakwa rangi ya krimu, mpaka vizingiti. Akawauliza wapwa zake, "Nani anaoa?"

Mtu mwenye akili timamu angedhani hospitali ilimshukuru daktari wake. Wapi! Mganga mkuu aliitisha kikao. Jina lake silitaji, analijua mwenyewe na naamini ananisikiliza. Alisema, "Hospitali hii si kilabu cha pombe watu waje kusalimiana. Vitanda vinatakiwa vizunguke, huyu atoke, yule aingie." Vitanda vizunguke! Wasikilizaji, nyinyi mmekiona wapi kitanda kinazunguka?

Wakamwondoa wodini. Daktari wa miaka yote hiyo wakampeleka kusimamia stoo, kugawa magodoro na ndoo. Aliwajibu pale pale kikaoni, na aliyekuwepo ameniapia: "Sawa. Afadhali godoro. Usipolisalimia halifi."

Lakini jibu kali haliponyi moyo. Hilo Bi Akosua amelisema waziwazi. "Watu walimwona anacheka, wakadhani hajali. Alikuja hapa akalia kama mtoto. Hakutaka cheo. Alitaka warudishe kiti chake wodini, basi." Aliomba kurudi. Aliomba tena. Wakati wa chakula cha mchana alikuwa anapenya wodini kusalimia wagonjwa, hadi mlinzi akapewa amri amzuie mlangoni. Mlinzi yule, maskini, alimwambia, "Mama Dokta, mimi nimetumwa." Naye akamwambia, "Najua, mwanangu. Basi wewe wasalimie kwa niaba yangu." Na hakurudi tena wodini hadi alipostaafu.

Alipougua moyo mwaka huu, ndugu walitaka kumpeleka hospitalini. Alikataa kabisa. Bi Akosua anasema maneno yake yalikuwa haya: "Sitaki kwenda kuwa kitanda. Niacheni hapa nife nikiwa Yaa." Ndiyo maana amefia nyumbani. Daktari aliyeitumikia hospitali ile maisha yake yote aliiogopa. Muandike na hilo kwenye bango.

Sasa nifike kwenye habari ya juzi, ambayo wengi mmeisikia vipande vipande.

Juzi mganga mkuu alikwenda kwenye nyumba ya msiba na ujumbe wake. Matroni alikuwepo, na daktari mmoja kijana, na mpiga picha, maana bila picha huruma haijatimia. Walibeba chupa ya kinywaji kama desturi inavyotaka. Walikuwa na ombi. Wodi ya watu wazima, ile aliyofukuzwa, wanataka kuipa jina la Dokta Frempomaa. Kibao kimeshachongwa. Kilichobaki ni ridhaa ya ukoo.

Bi Akosua alikuwa amekaa mkekani, amevaa nyekundu ya msiba. Hakupaza sauti. Aliwaambia, "Mmefanya vizuri kuja. Nina swali moja, na mkilijibu, pigeni kibao chenu leo hii. Katika hiyo wodi, asubuhi ya leo, amelala nani?"

Mganga mkuu akamtazama matroni. Matroni akatazama kucha zake.

"Sitaki wote," akasema Bi Akosua. "Nitajieni mmoja."

Yule daktari kijana akajaribu kuokoa jahazi. Akasema, "Mama, kitanda cha tatu ni kisukari, cha nne ni figo."

Bi Akosua akasema, "Sikuuliza samani, mwanangu. Wala sikuuliza magonjwa. Nimeuliza watu."

Mpiga picha akateremsha kamera. Bi Akosua akaisukuma chupa katikati ya mkeka, ikiwa imefungwa, akawaambia: "Nendeni mkawasalimie. Mkirudi na jina la mtu mmoja, jina lake na la aliyemwacha nyumbani, tutaifungua tunywe pamoja, na dada yangu atakuwa wenu."

Wasikilizaji wapendwa, kwa niaba ya kituo hiki nawapa pole Bi Akosua Brago, ukoo wote wa Ntiamoah, na Mzee Adade na Bi Afia, ambao wamefiwa kama ndugu. Mungu amlaze Dokta Yaa Frempomaa pema. Nanyi mliobaki, tafakarini. Aliye na mgonjwa wodini, akienda leo kumtazama, amsalimie na wa kitanda cha jirani na amuulize jina, maana huenda ni wewe peke yako utakayemuuliza.

Kabla sijaingia studio nilipita kwenye nyumba ya msiba. Kutoka pale hadi hospitalini ni mwendo wa kuvuka barabara. Siku ya pili inaisha. Chupa iko palepale mkekani, na hakuna aliyerudi.