Magurudumu ya kandambili

Ndani ya taksibisi ya kutoka Kituku, kando ya ziwa, papa mmoja mwenye kravati shingoni alikuwa anamsifia mama mwenye beseni ya samaki wadogo wa sambaza gari la waya alilojitengenezea utotoni, mwaka wa 1990. Hakuna aliyemuuliza. "Magurudumu yote ine nilikata katika kandambili moja, mama. Gari ilikuwa inashuka mtelemko wa Katindo yote bila kuanguka!"

Mama akacheka. "Sisi mabinti tulikuwa tunaruka kamba. Mwaka ule waliniibia kandambili moja kwenye mulango, pale pale Katindo."

"Ya rangi gani?" papa akauliza. "Ya buluu," mama akajibu.

Papa akageuka kutazama ziwa, ingawa tulishaliacha nyuma. "Yangu ilikuwa ya kijani," akasema. "Shofere, simama hapa!"

Aliposhuka, mama akamwita dirishani, meno yote nje: "Papa, ile ya kuume niko nayo mpaka leo!"