Papa Télesphore Sebahire na Pazia la Chumba Chake

Ndugu na majirani mliokuja kumsindikiza Papa Télesphore Sebahire, mimi ni mdogo wake, Célestin Harelimana. Nasoma maisha yake nikiwa na moyo mzito, maana kuna jambo moja ambalo yeye mwenyewe hakulielewa mpaka mwisho.

Marehemu alizaliwa mwaka 1916 huko Jomba, Rutshuru, kifungua mimba wa mzee Ntirenganya na mama Mukantwari. Alisoma shule ya misheni, kisha akafundishwa uuguzi. Alipenda mno kuuliza, hata mwalimu akamwita Kwanini, na jina hilo halikumkera hata kidogo.

Tarehe 12 Agosti 1944 alifunga ndoa na Donatille Nyiramahirwe. Mwaka 1949 waliacha Rutshuru, akafungua hapa mtaani Mapendo duka dogo la dawa zilizoruhusiwa: kinini, aspirini, mafuta ya upele. Chumba cha mbele kilikuwa duka, cha nyuma walilala. Katikati palikuwa na pazia tu.

Novemba 1954 paa la duka lilivuja, marehemu akahamishia dawa chini ya kitanda. Wiki hiyohiyo Mama Donatille alijifungua binti, na kwa desturi yetu mzazi hukaa ndani, wageni wasimwone, hadi siku ya kumpa mtoto jina. Ndipo akaja Bwana Paulin, Mzungu mkaguzi wa dawa wa serikali. Alikuta rafu tupu, akauliza dawa ziko wapi. Marehemu, asiyejua kudanganya, akaonyesha pazia. Kama angenyang'anywa ruhusa ya duka kwa kuonekana anaficha dawa, watoto wangekula nini?

"Duka ni ya Leta, angalia yote," alisema, Leta akimaanisha serikali. "Lakini kule nyuma ya rido kuko muzazi."

Mkaguzi, aliyekwisha kulishika pazia, akarudisha mkono. "Sheria inanipa duka. Chumba ya kulala, hapana. Nitarudia na karatasi ya juge."

Marehemu alipigwa na bumbuazi. Serikali inayotutoa kitandani kwenda kulima barabara, leo inasimamishwa na kitambaa? Alinijia mbio. "Mudogo yangu, kile kilimuzuia ni mutoto ao ni sheria?"  Hata leo sijui vizuri.

Mkaguzi alirudi na karatasi ya hakimu, na kumbe ilikuwa siku yenyewe ya kutoa jina. Sisi tukadhani amekuja kwenye sherehe. Tukampa kiti na pombe ya ndizi, na kama kila mgeni, tukamwomba naye ataje jina la mtoto. Aligeuza karatasi huku na huku, nadhani akitafuta kama jambo hilo limo, kisha akasema, "Lucie," jina la mama yake. Wanawake wakapiga vigelegele. Akainuka, akaanza kusoma amri mbele ya pazia.

"Umeshapa mutoto jina," marehemu akamwambia kwa uchungu. "Karatasi tena ya nini?"

Bwana Paulin akaingia, akachukua kasha moja lililolowa, akaagiza paa litengenezwe. Duka likabaki.

Tangu hapo, kila alipokuja alisimama kwenye pazia, hata Lucie akimvuta kidole, mpaka marehemu aseme, "Pita." Naye marehemu alimchelewesha makusudi, akicheka.

Machi 1958 aliugua figo. Hospitali ilimtibu, ikashindwa. Siku chache kabla ya kifo, Bwana Paulin alikuja, akasimama palepale, kofia mkononi. Sisi tuliogopa kwamba anakagua, wala hatukumwambia apite. Midomo ya marehemu ilicheza, sauti haikutoka. Mgeni akangoja, akangoja, akaondoka. Baadaye tulikuta kikapu cha matunda ya marakuja juu ya meza ya duka. Inaniuma sana. Marehemu alifariki nyumbani Alhamisi, tarehe 16 Oktoba 1958.

Ameacha mjane, Mama Donatille. Watoto, Ndayambaje, Léocadie na Lucie. Nami mdogo wake. Kuna mmoja tena ambaye hatukujua tumweke wapi: si ndugu yetu, lakini mtoto wetu anaitwa kwa jina alilompa. Namwona amesimama kule nje ya uzio, kofia mkononi. Mama Donatille ameninong'oneza sasa hivi nimalize kwa maneno yake:

"Papa Télesphore alale na amani ya Mungu. Na wewe, Bwana Paulin, pita. Karatasi haiko lazima."