Mtaa Uliofuata Maji

Ndani ya basi, kiti cha mbele yangu, mzee aliyechimba mifereji ujanani alikuwa akimwonyesha binti mpima ardhi bonde zima. "Mapaa yote hayo yalikuwa michungwa, mjukuu wangu. Maji yake tuliyaleta sisi, kwa majembe."

"Kumbe ni nyie mlioupinda mtaa! Wiki ijayo tunafukia mfereji, babu, tunyooshe barabara."

"Mtaa ulifuata maji. Fukia, mvua ije ikupigie hodi sebuleni."

Nilikuwa nasali kimoyomoyo. Nikaacha kwanza niwasikilize, Mungu anisamehe.

"Ramani haionyeshi maji hapo."

"Ramani imekuja mimi nina mvi!"

Basi likasimama. Binti akamnyooshea kalamu. "Haya, nichoree."

"Kuchora sijui. Shuka nikutembeze, na hivyo viatu vivue, maji utayasikia kwa nyayo."

Mzee akatangulia kushuka, kifua mbele. Binti alikuwa bado anafungua kamba za viatu.