Kiti cha Mama Léocadie

Kwa wachungaji, wazee, mama na baba wa kanisa mlioikanyaga theluji hii ya Buffalo asubuhi ya leo, pamoja na ndugu waliotoka Columbus na Louisville, mimi ni Nabintu, mke wa Salomon, mtoto wa kwanza wa marehemu, na familia imeniomba niwasomee maisha ya mama yetu, Léocadie Cibalonza.

Mama Léocadie alizaliwa tarehe 14 Mei 1954 huko Kabare, Kivu ya Kusini, katika kambi ya wafanyakazi wa shamba la kwinini, mama yake akiwa Cibalonza, kibarua wa shamba hilo, na baba yake akiwa Mbelgiji msimamizi, ambaye alirudi kwao mwaka 1957 bila kuaga, na ambaye jina lake Mama alilijua lakini hakuwahi kulitumia, nasi leo hatutamfanyia heshima ambayo hakuitafuta. Mwaka 1958 serikali ya wakoloni, ambayo haikutaka mtoto wa rangi yake aonekane akilelewa kijijini, ilimchukua kutoka mgongoni mwa mama yake na kumpeleka kwa masista wa Bukavu, kwenye nyumba ya watoto machotara, na huko alivalishwa viatu, akafundishwa Kifaransa, na alipigwa vidoleni kila alipokula kwa mkono au kusema neno la Kimashi, lugha ya mama yake, mpaka Kimashi kikamtoka kabisa.

Baada ya uhuru, mwaka 1960, alirudishwa Kabare akiwa na miaka sita, akamkuta mama yake ameolewa na ana watoto wengine, na jioni ile ya kwanza wote walipoketi mkekani kuzunguka sahani moja ya bugali, Cibalonza aliinuka akamfutia kwa kitenge chake kiti pekee kilichokuwamo nyumbani, akamwekea sahani yake mbali na wengine, akamwambia kwa Kiswahili, kama anavyoambiwa mgeni, "Ikala pa kiti, mama, usichafuke." Mama Léocadie alituhadithia jioni hiyo mara nyingi kuliko habari nyingine yoyote ya maisha yake, na kila mara alisema kwamba mama yake alifanya vile kwa upendo. Mwaka uliofuata Cibalonza mwenyewe alimrudisha kwa masista, akiamini kwamba mtoto wa ngozi ile ataharibikia kijijini.

Alisoma Bukavu mpaka akapata diploma ya ushonaji mwaka 1973, akabaki kuwa mwalimu wa ushonaji palepale, akiishi katikati ya watu wa aina mbili, wazungu waliomwona mweusi asiyefaa kualikwa mezani, na weusi waliomwona mzungu asiyefaa kualikwa mkekani. Tarehe 21 Agosti 1976 alifunga ndoa na mwalimu Zihindula, mtu mpole aliyekataa ushauri wa ukoo wake kwamba mtoto asiye na baba hatolewi ng'ombe wa mahari, akamswaga ng'ombe mpaka Kabare, akamkabidhi Cibalonza mwenyewe mbele ya watu, jambo ambalo Mama alikuwa akilitaja akisimama kwa fahari. Hata hivyo nyumbani kwa wakwe alipewa kiti na sahani ya peke yake, kwa heshima, na akasemwa kwamba ana maringo.

Mungu aliwajalia watoto wawili, Salomon mwaka 1979 na Chimène mwaka 1984. Mwalimu Zihindula aliuawa vitani mwaka 1998, na mwaka 2004 Mama alikimbilia Bujumbura na baadaye Kampala, na tarehe 6 Novemba 2013 tukafika naye Louisville, Kentucky.

Huko Louisville wengi wenu mliotoka huko mlimpokea vizuri, siwezi kusema uongo mbele ya jeneza, mlimletea blanketi na mboga ya sombe, lakini kila palipokuwa na msiba au arusi, mama zetu walitandika mikeka, wakajazana juu yake, wakacheka, na yeye akaitwa kwa jina ambalo hakulipenda hata siku moja, "Mama Muzungu, bon, ikala pale pa kiti, furshete yako iko hapa." Alikaa, akala kwa uma, akashukuru kwa Kifaransa, na mkarudi nyumbani mkisema yule mama anajisikia. Nje ya kanisa, rangi ileile iliyompa kiti Kivu haikumpa hata stuli Marekani, alikuwa mama mweusi mzee anayekunja mashuka katika chumba cha kufulia cha hoteli, kazi aliyoifanya kuanzia mwaka 2014.

Kazini hapo ndipo alipokutana na Bibi Earline Fontenette, mzaliwa wa Louisiana, wa watu wale wa damu mchanganyiko wanaoitwa Wakrioli, ambaye nyumbani kwa nyanya yake ndugu weupe waliingia kwa mlango wa mbele na kula mezani, na yeye, kwa kuwa alizaliwa mweusi kuliko dada zake, alilishwa jikoni. Saa ya chakula ya siku ya kwanza Bibi Earline alivuta kopo kubwa la sabuni, akalikalia karibu naye, akaona bugali na bamia, akala. Mama alirudi nyumbani akicheka, na mimi nilikuwa sijawahi kumsikia akicheka hivyo, akasema, "Ameingiza mukono mu sahani yangu, bila kuuliza." Mmoja alitengwa kwa weusi wake, mwingine kwa weupe wake, na kwa miaka mitatu walikula pamoja.

Mwaka 2017 tulihamia Reynoldsburg, Columbus, kwa ajili ya kazi ya Salomon, na mwaka 2021 Mama akaja hapa Buffalo kwa Chimène, katika nyumba yake ya Black Rock, ambako alikuwa akikaa dirishani mchana kutwa wakati wote wako kazini, akingoja simu ya Louisville. Mwaka 2023 alianza kuugua figo, na tarehe 9 Februari 2025, siku ya Jumapili, alitutoka, akiacha watoto wawili na wajukuu watano.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliomsafisha damu kwa upole, majirani wa Black Rock walioondoa theluji mlangoni bila kuombwa, na wenzake wa kazi wa Louisville, na miongoni mwao yuko Bibi Earline, aliyesafiri kwa basi mpaka hapa akiwa na miaka sabini na minne. Ndiye yule pale mbele. Mama zetu wa mapokezi, kwa moyo mwema, mmempa kiti cha peke yake, chenye kitambaa, na nimeona meza yake tayari imewekewa uma. Tunawaomba, tukitoka makaburini, kiti hicho kikunjwe, mmsogezee nafasi mkekani, na mle naye sahani moja, kwa mkono.

Na wewe Léocadie, binti Cibalonza, kaa chini sasa pamoja na wenzako, na upumzike kwa amani.